Vazi la Kaka Mkubwa

Wahenga waliposema usisafirie nyota ya mwenzio, hawakuwa wakizungumzia anga peke yake. Walimaanisha kwamba kila mtu ana wakati wake, mwili wake na bahati yake, na kwamba anayeiacha njia yake akashika ya mwenzake kwa kuwa tu ameona inang'aa, huenda akafikishwa mahali ambapo hata mwenye njia hakupenda kufika. Mwanamieleka mmoja kijana, ambaye wenzake walimwita Kabari, aliijua methali hii tangu shuleni. Aliwahi hata kuifafanua kwenye mtihani akapata alama zote. Lakini kuijua methali ni jambo moja, na kuiona ikikujia kwa miguu yake ni jambo jingine.

Klabu yao ilikuwa ghala la zamani la magunia, nyuma ya kiwanda cha mbao alikofanya kazi Kabari. Madirisha yalikuwa juu karibu na paa, na sakafuni ulitandikwa mkeka mkubwa wa sponji uliovishwa turubai. Kabla ya mazoezi kila mtu, awe bingwa au mgeni wa jana, alichukua kitambaa kilichoroweshwa maji ya sabuni, akainama na kukisukuma kutoka ukuta hadi ukuta. Kocha alisema kwamba mkeka usiooshwa huambukiza upele, na bingwa asiyeosha mkeka huambukiza kiburi.

Jumamosi moja asubuhi Kabari alikuwa ameinama hivyo, jasho likimdondoka puani, mlango ulipofunguliwa na vitambaa vyote vikasimama. Aliyeingia alilazimika kuinamisha kichwa asijigonge. Alikuwa amekonda, lakini mikono ilikuwa ileile, mirefu kama makasia.

"Mwenyewe karudi," alisema Fundi Bomba, mwanamieleka wa uzani wa juu ambaye siku za kazi alizibua mabomba ya watu. "Kabari, sogea kidogo. Mwenye nyumba amekuja."

Watu walicheka. Kabari naye alicheka, kicheko cha meno kisichofika machoni.

Aliyekuja alikuwa Mnara, kaka yake wa tumbo moja. Hapo zamani jina hilo lilijaza kumbi. Alikuwa na mtupo wake ambao mashabiki waliuita gunia: alipitisha mkono chini ya kwapa la mpinzani, akageuka, akamwinua na kumpitisha juu ya bega kama mpagazi anayetua mzigo. Kisha bega hilohilo likapasuka. Akapasuliwa, akashonwa, akapewa vidonge vya maumivu vya siku chache. Siku chache zikazaa wiki, wiki zikazaa miezi, na vidonge vikamgeuka bwana yeye akawa mtumwa. Aliuza medali zake. Aliuza cherehani ya mama yao, ile iliyowalea. Mwishowe mama na Kocha walimshika mikono, huyu huku na yule kule, wakampeleka kwenye nyumba ya kuwasaidia waraibu. Alikaa huko muda mrefu, akatoroka, akarudi kwa hiari yake, akakaa tena. Sasa alikuwa amesimama mlangoni pa ghala akiomba kitambaa.

"Sijaja kupigana, Kocha," alisema. "Nimekuja kuosha mkeka tu, kama utaniruhusu."

Kocha alikikamua kitambaa kilichokuwa mkononi mwake, akamrushia. Macho ya mzee yalikuwa yamelowa, na hakuna aliyediriki kumtania.

Kabari aliyaona machozi hayo, akainama akasukuma kitambaa chake kwa nguvu zaidi. Miaka yote aliyooga jasho katika ghala lile, Kocha hakuwahi kumlilia yeye.

Tangu Mnara alipoanguka, Kabari alikuwa amekalia kiti chake. Alishika uzani wake, akajifunza mtupo wake, akavaa hata vazi lake la zamani, jekundu lenye mistari myeupe, ambalo alimwambia mama alipunguze mabegani. Tatizo ni kwamba Kabari alikuwa mfupi, mpana, mwenye miguu kama mihimili. Ili afikie uzani wa kaka yake ilimbidi ale hata asipokuwa na njaa, na asubuhi za mashindano anywe maji mpaka tumbo limlie kama pipa. Alipojaribu gunia, mikono yake mifupi iliishia njiani, na mara nyingi gunia lilikuwa yeye mwenyewe. Uzito wa watu wakubwa ulimkalia gotini, na goti likaanza kuuma.

Kocha alimwambia mara nyingi. "Kijana, sikukuita Kabari kwa kukutania. Kabari ya mpasua magogo haipandi juu ya gogo. Huingia penye ufa, chini chini, mpaka gogo lenyewe liachie. Shuka uzani. Acha makwapa ya watu, shika miguu yao."

Kabari alisikia tusi kila mara. Aliona wanataka kumshusha ili kiti kibaki wazi kikimngoja mwenyewe. Na sasa mwenyewe alikuwa amerudi.

Nyumbani mambo yalikuwa mabaya zaidi, kwa sababu yalikuwa mazuri. Mama, ambaye kwa muda mrefu alikuwa akishona kimya kimya, alianza kuimba. Majirani walipita kumpa pole na hongera kwa pumzi moja. Chakula kilipopakuliwa, sahani ya Mnara ilitangulia.

"Leo kaka yako kamaliza yote," mama alimwambia Kabari, kama mtu anayetangaza matokeo ya uchaguzi.

"Mimi humaliza kila siku," alisema Kabari.

"Wewe sikuhofii, mwanangu."

Mama alidhani amemsifu. Kabari aliondoka mezani akijiuliza ni kosa gani alilofanya hata asihofiwe na mtu. Yeye ndiye aliyempeleka mama kliniki miguu ilipovimba. Yeye ndiye aliyebeba mbao mpaka mabega yakachunika, akamnunulia cherehani nyingine. Kumbe anayesimama wima hana habari, aliwaza; habari anayo aliyeanguka akainuka.

Jioni moja alirudi kazini akamkuta Mnara amesimama katikati ya chumba, mikono ameinyoosha, na mama amepanda kigoda akimpima kwa utepe. Kitambaa kipya chekundu kilikuwa kimekunjwa juu ya cherehani, cherehani ileile aliyoinunua Kabari.

"Simama wima, baba, usinichekeshe," mama alikuwa akisema. "Kocha kasema anaanza mazoezi," alimweleza Kabari kwa furaha. "Nikaona nimshonee vazi. Lile la zamani si unalo wewe?"

"Ninalo," alisema Kabari. "Mimi huwa navaa ya zamani."

Mnara alimtazama mdogo wake juu ya kichwa cha mama, uso ukimbadilika kidogo. Kabari alijifanya anafungua kamba za viatu.

Sharti moja tu ndilo aliloliweka Mnara aliporudi: vidonge vya maumivu visikae ndani ya nyumba ile, hata vya kichwa. "Si kwamba siwaamini," alisema. "Sijiamini mimi." Mama alivikusanya vyote akampelekea jirani, na kichwa kilipomuuma alivaa kanga akaenda kumeza kwa watu. Kabari aliitikia sharti hilo kama wengine. Lakini katika mfuko wa ndani wa koti lake la kazi mlikuwa na pakiti ya buluu. Alipewa mara ya kwanza na daktari kwa ajili ya goti. Zilizofuata alijinunulia mwenyewe. Siku za mazoezi alimeza kimoja, kisha viwili, kisha na siku za mapumziko. Hakuona tabu. "Mimi si kama yeye," alijiambia. "Mimi nina goti."

Hakukumbuka kwamba kaka yake naye alikuwa na bega.

Miezi ilikwenda. Mnara aliyesema amekuja kuosha mkeka alianza kukimbia nao, kisha kunyanyua, kisha kushikana. Mwili ulikumbuka. Siku Kocha alipowakutanisha ndugu hao wawili, ghala zima liliacha mazoezi likatazama. Kabari aliingia kwa hasira, akajaribu gunia. Mnara alijipinda kidogo, akapitisha mkono wake mrefu, akageuka, na Kabari akaona paa likipita mbele ya macho yake kama kurasa za kitabu. Kabla hajafika chini alihisi kiganja kikimkinga kisogo kisijigonge.

"Uko salama, mdogo wangu?" Mnara alimnong'oneza.

Angembwaga kwa ukatili, Kabari angefurahi, kwani angepata sababu. Lakini kile kiganja kisogoni kilimuuma kuliko kuanguka kwenyewe.

"Gunia la asili hilo," alisema Fundi Bomba huku akijifuta jasho. "Yale mengine tulikuwa tunapewa fotokopi."

Usiku huo wala mwingine Kabari hakupata usingizi mzuri, maana mchujo wa timu ya mkoa ulikuwa umetangazwa. Kila uzani ungetoa mtu mmoja tu. Kwa Kabari hiyo ilikuwa nafasi aliyoingoja maisha yake yote. Akiikosa safari hii, angebaki kuitwa mdogo wake Mnara mpaka mvi.

"Nyinyi wawili uzani mmoja," Kocha alimwambia faraghani. "Kabari, kwa mara ya mwisho, shuka. Uzani wa chini hauna mtu wa kukuzuia."

"Sishuki. Nikishuka watasema nimemkimbia."

"Hivi unapigana na nani, kijana wangu?"

Kabari aliokota kitambaa akaanza kuosha mkeka ambao ulikuwa umeshaoshwa.

Siku ya mchujo ilifika. Ukumbi ulikuwa wa shule moja kubwa. Mizani iliwekwa mlangoni, na madarasa mawili yakageuzwa vyumba vya kubadilishia nguo. Kabari alifika mapema kuliko wanamieleka wenzake wote. Tumbo lilikuwa limejaa maji, goti limejaa moto. Juu ya dawati aliliona begi la Mnara, ambalo Kocha alikuwa amelitanguliza, likiwa wazi, na ndani yake vazi jipya jekundu limekunjwa vizuri kama barua. Mama alikuwa amedarizi mnara mdogo mweupe kifuani.

Alikitazama kile kimnara muda mrefu. Wivu, ambao miezi yote ulikuwa ukimtafuna kama mchwa, sasa ulimsemesha kwa sauti tulivu kabisa, kana kwamba ni rafiki. Haukumwambia amdhuru mtu. Ulimwambia tu aweke kitu mahali fulani. Mtu mzima ana akili zake. Akitaka atakigusa, asipotaka ataacha. Kama amepona kweli, kuna hatari gani?

Kabari alitoa pakiti ya buluu, akaiweka juu ya kile kimnara cheupe, akatoka.

Alisimama kwenye foleni ya mizani. Alimwona kaka yake akifika, akisalimiana na watu, akipigwapigwa mgongoni, kisha akiingia chumbani. Mlango ukafungwa. Foleni ilisogea, Kabari hakusogea. Alimwona mama yake amekaa viti vya nyuma, mkoba mapajani, akiutazama ule mlango kwa tabasamu, akimngoja mwanawe atoke na nguo mpya. Ndipo Kabari alipokumbuka, bila kutaka, siku mama huyo alipokaa sakafuni mahali palipokuwa na cherehani, akipapasa vumbi lenye alama nne za miguu ya mashine hiyo. Akatamani kukimbia akaitoe ile pakiti. Miguu ikawa kama imepigiliwa misumari.

Mlango ulifunguliwa. Mnara alitoka akiwa bado na nguo za njiani. Mkono mmoja alikuwa ameukunja ngumi. Alikuja moja kwa moja mpaka kwenye foleni, akamshika Kabari mkono kama mtu anayemvusha mtoto barabara, akampeleka nje nyuma ya ukumbi, penye ngazi za saruji. Wakakaa.

Akafungua ngumi. Pakiti ilikuwa imelowa jasho.

"Umeanza lini?" aliuliza.

Kabari alitarajia kofi. Swali lilimkuta hana ngao. "Nimeanza nini?"

"Usinifiche mimi. Tangu mlangoni Kocha aliniambia wewe ndiye uliyetangulia mle chumbani. Umeiweka pale ili niione. Mimi yangu niliiacha juu ya meza ya mama, asubuhi moja, makusudi. Nilishindwa kusema, nikaona labda ataiona aniulize. Akadhani ni takataka, akaitupa." Mnara alicheka kidogo, kicheko kilichokatika. "Sasa mimi nimeiona ya kwako. Nakuuliza."

Kutoka ndani, kipaza sauti kiliita uzani wao. Kikataja jina la Mnara.

"Wanakuita," alisema Kabari.

"Nasikia."

"Nenda, kaka."

"Umeanza lini?"

Kabari alikuwa na mwanya wa kunyamaza, na kunyamaza kungempa kila kitu: kiti, jina, nafasi, na hata huruma ya kaka yake juu yake. Kipaza sauti kikaita mara ya pili. Alifumba macho.

"Sikuiweka ili uniulize," alisema. "Niliiweka ili uvile."

Mnara akaigeuza ile pakiti, akaitazama mbele na nyuma, kama mtu anayetafuta bei.

"Nilihisi hivyo nilipoiona," alisema hatimaye. "Nilikaa nayo mle ndani, na nakuapia, mdogo wangu, ilinisemesha. Ilinijua kwa jina. Halafu nikaona jambo." Aliinua pakiti mbele ya uso wa Kabari. Nusu yake ilikuwa vishimo vitupu vilivyopasuliwa. "Mtego wako ulikuwa umeshanasa kabla hujautega. Hivi ambavyo havipo, nani kavila?"

Kabari alifungua kinywa aseme kuhusu goti. Neno lenyewe likamgeukia mdomoni, kwa maana alilisikia kwa sauti ya kaka yake, miaka ile, akimwambia mama: ni bega tu, mama, ni bega. Alijaribu kukumbuka siku ya mwisho aliyopita bila kidonge. Hakuikumbuka. Ndipo alipoanza kulia, mwanamume mpana kama kabati, kichwa magotini.

"Nilichukua uzani wako," alisema katikati ya kwikwi. "Nikachukua mtupo wako na nguo yako."

"Na hii," alisema Mnara. "Hii ndiyo iliyokuwa imebaki. Vya kwangu vyote ungechukua, mdogo wangu, nisingejali. Hiki nisingependa hata adui akirithi."

Kipaza sauti kiliita mara ya tatu. Kikanyamaza. Ndani ya ukumbi watu walinung'unika, kisha filimbi ikalia kwa ajili ya wengine. Ndugu wawili walibaki kwenye ngazi, mkono mrefu wa mmoja ukiwa umezunguka mabega ya mwingine, na hapo ndipo mama na Kocha walipowakuta. Mama aliiona ile pakiti ya buluu kabla hajaziona nyuso zao. Alisimama. Kisha akashusha mkoba, akakaa chini, upande wa Kabari.

"Mimi nilisema wewe sikuhofii," alisema, akamvuta kichwa kifuani. "Nimekukosea, baba."

Hakuna aliyekwenda timu ya mkoa kutoka nyumba ile mwaka huo. Kabari alikwenda kwenye nyumba ya waraibu, akifuatana na kaka yake, ambaye alimjua mlinzi wa getini na kumtania kwa jina. Haikuwa kazi nyepesi. Kulikuwa na siku za kutapika na siku za kutukana, na siku moja alimwambia Mnara kwamba anamchukia tangu utotoni. "Basi chukia ukiwa umekula," Mnara alimjibu, akamsogezea sahani. Hasira ilipoisha Kabari alishangaa kuona jinsi chuki ile ilivyokuwa ndogo mchana kweupe.

Alipotoka, mwili ulikuwa umejirudia wenyewe. Goti, lilipoacha kubeba uzito usio wake, lilipona bila kelele. Alirudi ghalani, akaosha mkeka, kisha akamwendea Kocha akasema neno moja tu: "Nashuka."

Alianza upya kama mwanafunzi. Aliacha makwapa ya watu, akaingia chini, akashika miguu. Fundi Bomba alipobwagwa hivyo mara ya kwanza alibaki ameketi akijishika kisigino. "Ama kweli hili ni bomba la chini," alisema. "Silioni, nasikia tu limepasuka."

Mchujo uliofuata ulipokaribia, Kabari alimkuta mama kwenye cherehani akakaa karibu naye kama mtu mwenye shida.

"Mama, lile vazi la kaka linanipwaya."

"Limekupwaya tangu siku ya kwanza," mama alisema bila kuinua macho. "Kila nikitaka kukupima ulikuwa unaniambia, punguza tu la kaka. Hujawahi hata siku moja kunisimamia."

Jambo hilo lilikuwa kweli, na miaka yote Kabari alikuwa amelihesabu kuwa kosa la mama.

"Basi leo nasimama," alisema, akanyoosha mikono.

Mama alichukua utepe. Hakuhitaji kigoda.

Siku ya mchujo ndugu hao walisimama kwenye foleni mbili tofauti za mizani. Kabari alivaa vazi la buluu iliyokolea, lililomkaa kama ngozi, na kifuani mama alikuwa amedarizi kabari ndogo nyeupe. Hakuwa amekunywa maji ya kujijaza. Alipoitwa jina, alimtazama mara moja kaka yake upande wa pili, mrefu juu ya vichwa vya watu, na kile kijicho cha zamani kikamchoma kidogo, kama kovu linavyowasha hali ya hewa ikibadilika. Akakiacha kipite. Mnara alimpungia mkono wake mrefu.

Kabari akashinda pambano lake, kisha la pili, kisha la mwisho, kila mara akiingia chini penye ufa mpaka gogo likaachia. Refa alipoinua mkono wake, mkono ule mfupi haukufika juu sana, lakini ulifika ulipopaswa kufika. Kwenye viti vya nyuma mama alisimama juu ya benchi, akapiga kigelegele, na mtu aliyeketi karibu naye akamuuliza kama yule ndiye mdogo wake Mnara.

"Yule ni Kabari," mama alimjibu.

Na Kabari, aliyekuwa amezunguka njia yote ya kaka yake hadi shimoni kabla ya kuiona ya kwake, aliyasikia hayo akiwa ulingoni, akajua sasa, bila mtihani wala alama, kwa nini wahenga walionya: usisafirie nyota ya mwenzio.